Siasa Sebuleni: Tamthilia za Mfululizo Kutoka Redioni Hadi Kwenye Simu

Na mwanachama wa Kidato cha Tatu

Ndugu msomaji, ukipita mitaa ya Malindi baada ya magharibi, iwe ni Shella, Maweni, Muyeye au Kisumu Ndogo, utasikia sauti ile ile ikitoka nyumba hii mpaka ya pili. Mama mkwe anamtolea ukali mkaza mwana, tajiri anaficha barua, binti analia, halafu muziki unapanda na kipindi kinakatika. Walio ndani husema kwa pamoja, "Aah! Wamekata pale pale!" Kesho yake habari ni hiyo hiyo sokoni, kwenye matatu na hata kwenye foleni ya chai hapa shuleni.

Wazee wengine husema michezo hii ni upuuzi wa kutupotezea wakati wa kusoma. Sikatai kwamba mtu aweza kupotelea humo. Lakini ukiichunguza utaona kwamba mchezo wa nyumba moja unaweza kubeba mambo ya nchi nzima: ardhi, kura, rushwa na kazi. Tena siku hizi si lazima uwe na kituo cha televisheni ndipo uutengeneze. Kikundi cha vijana wenye kamera moja kinaweza kuurekodi mtaani na kuuweka mtandaoni. Katika makala haya nakusudia kueleza tamthilia ya mfululizo ni kitu gani, inafanyaje kazi, na kwa nini familia na siasa hukutana humo. Mwisho nitaonyesha kwa nini sisi watu wa Kilifi tunapaswa kuiangalia kwa makini, manake hapa kwetu kuna watu ambao kupona au kuangamia kwao hutegemea namna hadithi zinavyosimuliwa.

JINA LINALONUKIA SABUNI

Wamarekani huita michezo hii kwa jina la sabuni, na jina hilo lina sababu. Mwaka 1930 kituo kimoja cha redio mjini Chicago kilianza kurusha Painted Dreams, mchezo wa kila siku ulioandikwa na mwanamke aitwaye Irna Phillips. Wasikilizaji walikuwa hasa akina mama waliokuwa nyumbani mchana, wakipika na kufua. Kampuni za sabuni, Procter & Gamble ikiwa mojawapo, ziliona kwamba hapo ndipo walipo wateja wao. Zikaanza kulipia michezo ya aina hiyo ili zitangaze sabuni katikati. Jina likaganda mpaka leo.

Mchezo mmoja katika hiyo, The Guiding Light, ulianza redioni mwaka 1937, ukaingia televisheni mwaka 1952, na haukufungwa mpaka mwaka 2009. Hiyo ni miaka 72! Mtu angezaliwa, akaoa, akapata na wajukuu, na mchezo bado unaendelea.

Kwa hivyo tangu mwanzo hadithi ilikuwa ya familia, lakini pesa zilikuwa za mwenye sabuni. Tuliweke jambo hilo akilini, tutalihitaji mbele.

MCHEZO UNAVYOFANYA KAZI

Hadithi fupi ina haraka ya kufika mwisho. Tamthilia ya mfululizo haina haraka hiyo. Nguvu zake zinatokana na mambo manne.

Kwanza ni taharuki. Kila kipindi hukatwa mahali ambapo mtazamaji ana swali moyoni. Nani yuko mlangoni? Je, barua itasomwa? Swali hilo ndilo linalomrudisha kesho.

Pili, visa vingi husukwa pamoja. Mama wa Kipwani anaposuka mkeka, huanza na ukili mwembamba, kisha huunganisha kili nyingi mpaka mkeka ukamilike. Ndivyo ilivyo tamthilia. Kuna kisa cha mapenzi, kisa cha urithi na kisa cha ugonjwa, na kila kipindi huvuta kidogo cha huku na kidogo cha kule.

Tatu ni muda. Ukikaa na mhusika jioni baada ya jioni kwa miezi, humwoni tena kama mgeni. Anakuwa jirani. Akifanya kosa unamsikitikia, akijirekebisha unafurahi. Hotuba ya dakika kumi haiwezi kukufikisha hapo.

Nne ni aina za wahusika. Katika miaka ya 1970, mtayarishaji mmoja wa Mexico, Miguel Sabido, alitumia mpango ambao baadaye ulifuatwa katika nchi nyingi. Aliweka wahusika wema, wahusika waovu, na katikati yao wahusika wanaositasita, wasiojua wafuate upande gani. Hawa wa katikati ndio muhimu kupita wote, kwa sababu ndio wanaofanana na sisi. Mtazamaji hawezi kujilinganisha na malaika, wala hapendi kujilinganisha na shetani. Lakini yule anayeteleza, akainuka, akateleza tena, huyo anamjua.

REDIO ZETU ZA AFRIKA MASHARIKI

Elimu hiyo ilifika kwetu mapema. Katika miaka ya 1980 Sauti ya Kenya ilikuwa na Tushauriane kwenye televisheni na Ushikwapo Shikamana redioni. Waliokuwa vijana wakati huo, ambao sasa ni wazazi na walimu wetu, wanaweza kukusimulia wakicheka jinsi mtaa mzima ulivyojazana katika nyumba moja yenye runinga.

Lakini mfano wenye ushahidi mkubwa zaidi uko Tanzania. Mwaka 1993 Redio Tanzania Dar es Salaam ilianza mchezo wa Twende na Wakati. Mhusika aliyejulikana sana alikuwa Mkwaju, dereva wa lori mwenye wapenzi kila kituo njiani, na mkewe Tunu aliyebaki nyumbani akihangaika na watoto. Mkwaju hatimaye alipatwa na UKIMWI. Waliokuwa wakichunguza mchezo huo walifanya jambo la busara. Ulirushwa sehemu nyingine za nchi, lakini kituo cha Dodoma hakikuurusha mpaka mwaka 1995. Kwa hivyo waliweza kuwalinganisha waliousikia na wasiousikia. Waligundua kwamba mahali uliposikika watu wengi zaidi walizungumza na wenzi wao kuhusu uzazi wa mpango na kuutumia. Dodoma nayo ilionyesha mabadiliko baada ya kuanza kuusikia.

Ukitaka mfano wa siasa yenyewe, nenda Rwanda. Mwaka 2004, miaka kumi baada ya mauaji ya kimbari, redio ya huko ilianza mchezo uitwao Musekeweya. Unahusu vijiji viwili vilivyogombania ardhi yenye rutuba, na kijana na msichana, Shema na Batamuriza, waliopendana huku watu wa pande zao wakichukiana. Mchezo huo ulitumia mapenzi ya watu wawili kueleza jinsi chuki inavyopandwa na viongozi. Watafiti waliowachunguza wasikilizaji walieleza kwamba imani za ndani za watu hazikubadilika sana. Kilichobadilika ni kile walichokiona kuwa desturi ya jamii, na ujasiri wao wa kusema wazi wanapotofautiana na wenzao. Nadhani hilo ni kubwa. Mtu huanza kwa kuthubutu kusema, mengine yakafuata.

NYUMBA NI NCHI NDOGO

Sasa tujiulize, kwa nini familia? Kwa nini mwandishi asiseme tu habari za bunge na mawaziri moja kwa moja?

Jibu ni kwamba siasa haiishii bungeni. Inafika nyumbani ikiwa imevaa nguo nyingine. Sheria ya ardhi inafika ikiwa ugomvi wa ndugu wawili. Bei ya mafuta inafika ikiwa mama anayepunguza nazi kwenye wali. Basari iliyoliwa inafika ikiwa msichana aliyerudishwa nyumbani kwa sababu ya karo. Mtu asiyefuatilia habari za siasa hawezi kukwepa habari za nyumba yake.

Waandishi wetu wamelijua hili zamani. Mwaka 1977 Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ, pamoja na wanakijiji wa Kamĩrĩĩthũ, Limuru, waliigiza Ngaahika Ndeenda. Ni habari ya mkulima aitwaye Kĩgũũnda, mwenye ekari moja na nusu tu, ambaye ameitundika hati ya shamba lake ukutani. Binti yake anachumbiana na mwana wa tajiri. Tunaanza na harusi na posa, tunamaliza shamba limekwenda. Serikali ya wakati huo iliusimamisha mchezo, na tarehe 31 Desemba 1977 Ngũgĩ wa Thiong'o alitiwa kizuizini bila kushtakiwa, akakaa humo karibu mwaka mzima. Kama mchezo wa familia ungekuwa upuuzi mtupu, nani angehangaika kumfunga mtu kwa ajili yake?

Hata vitabu vyetu vya darasani ni hivyo hivyo. Waliotutangulia walisoma Kigogo cha Pauline Kea, ambamo Majoka anafunga soko na Tunu na Sudi wanampinga. Sisi tumepewa Bembea ya Maisha cha Timothy Arege, ambamo Sara ni mgonjwa, Yona alizama katika ulevi, na Neema anajikaza kumtibu mama yake. Mwanafunzi wa haraka atasema kile cha kwanza ni cha siasa na hiki cha pili ni cha familia. Lakini hebu tazama tena. Safari ya mgonjwa wa kijijini kutafuta matibabu mjini si siasa hiyo?

Mfano wa karibuni ni Country Queen, iliyoonyeshwa na Netflix mwaka 2022, ikiwa ndiyo tamthilia ya kwanza ya Kenya kuonyeshwa huko. Akisa anarudi kijijini kwao kutoka Nairobi baada ya miaka mingi. Anakuta mambo ya wazazi wake hayajatengenea, na kampuni ya madini inataka ardhi ya kijiji. Kisa cha mtoto na wazazi wake na kisa cha ardhi vimefungwa kwa kamba moja, huwezi kufungua kimoja ukaacha kingine.

KUTOKA KITUONI HADI KWENYE SIMU

Kwa miaka mingi aliyetaka kuonyesha mchezo wake Kenya alikuwa na mlango mmoja tu, ule wa shirika la serikali. KTN, kituo cha kwanza cha televisheni cha binafsi, kilianza mwaka 1990. Baadaye vituo viliongezeka, na michezo ya Kiswahili nayo ikaongezeka. Lulu Hassan na mumewe Rashid Abdalla, kupitia kampuni yao ya Jiffy Pictures, walituletea Maria mwaka 2019, Zora mwaka 2021 na Sultana mwaka 2022 katika Citizen. Hao wamefanya kazi kubwa ya kuipa sauti ya Kipwani nafasi katika nyumba za Wakenya wote.

Lakini kituo bado ni mlango wenye bawabu. Mlango wa pili ulifunguliwa hapa hapa Pwani, tena chini ya bahari. Mwezi wa Juni 2009 waya wa mawasiliano uitwao TEAMS ulifika Mombasa, na mwezi uliofuata ukaanza kazi wa SEACOM. Kabla ya hapo intaneti ya Kenya ilipitia setilaiti, ikawa ghali na ya polepole, hata picha moja ilichukua dakika nzima kufunguka. Baada ya nyaya hizo kufika, video zikaanza kutazamika, na simu zilipozidi kuwa rahisi, kila mwenye bando akawa na televisheni mfukoni.

Mwaka 2016 kikundi cha wasanii wa Nairobi kiitwacho The Nest kilionyesha njia. Kilitengeneza mchezo uitwao Tuko Macho, ulioongozwa na Jim Chuchu, na hakikuupeleka kituoni. Kiliurusha Facebook, kipindi baada ya kipindi. Humo mtu aitwaye Biko anawateka watu wanaodaiwa kuwa wahalifu na mafisadi, anawaweka mbele ya kamera, kisha anauuliza umma: ana hatia au hana? Na watazamaji wenyewe, kwenye simu zao, walipiga kura.

Kwa kweli huo si mchezo wa mama mkwe na mkaza mwana. Nimeutaja kwa sababu mbili. Kwanza, ulithibitisha kwamba tamthilia ya siasa ya Kenya inaweza kuwafikia watu bila kupitia kituo chochote. Pili, ulimgeuza mtazamaji kuwa sehemu ya hadithi. Ukimhukumu mtu kwa kubonyeza kidole, halafu kipindi kinachofuata ukaona yaliyompata, huwezi tena kusema "hayo ni mambo yao". Unaanza kujiuliza kama kundi la watu wenye hasira linafaa kuwa hakimu. Swali hilo tulishike, kwa maana huku kwetu si la kuigiza tu.

UHURU UNA BEI YAKE

Mtu akisikia neno "huru" hudhani ni bure. Sivyo. Wahenga walisema mkono mtupu haulambwi, na pia mtegemea cha nduguye hufa maskini. Mchezo unahitaji chakula cha waigizaji, nauli, taa, kinasa sauti na bando la kuupandisha mtandaoni. Nani atalipa?

Akilipa mwenye sabuni, hadithi haitasema vibaya juu ya sabuni. Kikilipa kituo, kitaangalia kwanza wenye matangazo. Likilipa shirika la msaada, mara nyingi litataka somo lake lisikike, hata kama mhusika hangesema hivyo. Sisemi hao wote ni wabaya. Twende na Wakati usingekuwako bila misaada. Nasema tu kwamba mtazamaji mwerevu huuliza, "Huu umelipiwa na nani?" kabla ya kuuliza, "Nani atamwoa nani?"

Njia ya nne ni matangazo ya YouTube. Hebu tupige hesabu kidogo. Ili uanze kugawiwa pesa za matangazo, njia moja ni kuwa na wafuasi 1,000 na video zako ziwe zimetazamwa kwa saa 4,000 katika miezi 12. Saa 4,000 ni dakika 240,000. Tuseme mmetengeneza vipindi 8 vya dakika 12 kila kimoja, jumla dakika 96. Ukigawa 240,000 kwa 96 unapata 2,500. Yaani watu 2,500 watazame vipindi vyote vinane tangu mwanzo hadi mwisho. Si kazi rahisi, lakini si muujiza. Na hapo ndipo mnaanza tu kuhesabiwa, senti zenyewe bado.

Bei ya pili ya uhuru ni sheria. Kenya tuna Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura 222, na Bodi ya Uainishaji wa Filamu inayoitumia. Mwezi wa Mei 2018 bodi hiyo ilitangaza kwamba hata wanaopiga video za kuonyesha umma kwenye mitandao ya kijamii wanahitaji leseni. Vijana wengi walilalamika. Kuna upande wa haki katika kuwalinda watoto dhidi ya picha chafu. Lakini leseni ikiwa ghali au ngumu kupata, wa kwanza kunyamaza ni maskini.

Sisi wanafunzi nasi tumeonja. Mwaka 2013 mchezo wa Shule ya Wasichana ya Butere, Shackles of Doom, ulizuiwa, na Mahakama Kuu ikaamuru uigizwe. Mwezi wa Aprili 2025 shule hiyo hiyo ilifika tamasha la kitaifa Nakuru na Echoes of War, mchezo unaohusu vijana na utawala, nayo mahakama ilikuwa imewaruhusu. Walikuta ukumbi usio na watazamaji, na mwandishi wao, Cleophas Malala, alikuwa amekamatwa. Wasichana hao wakaimba wimbo wa taifa, wakaondoka. Nje polisi walitupa vitoa machozi. Hao ni wa umri wetu. Kila mtu ana maoni yake kuhusu mchezo wenyewe, lakini sote twaweza kukubaliana kwamba mchezo uliozuiwa jukwaani husambaa mtandaoni mara mbili, na watu huutafuta zaidi ya pale mwanzo.

BABU MWENYE MVI

Sasa nije nyumbani kwetu. Je, kaunti ya Kilifi ina hadithi ya familia na siasa? Tunazo tele. Mekatilili wa Menza alipowaamsha Wagiriama mwaka 1913, hakuanza na maneno makubwa ya utawala. Alizungumza juu ya wana kuchukuliwa kutoka kwa mama zao, na ngoma ya kifudu ikamkusanyia watu. Huyo alikuwa anajua nguvu ya nyumba katika siasa kabla hata ya redio kufika.

Lakini hadithi ninayoona inatungoja zaidi ni ya wazee wetu. Kila mkaazi wa hapa anajua kwamba kwa miaka mingi wazee wa Kilifi wameuawa wakisingiziwa uchawi. Mvi, macho mekundu kwa moshi wa kuni, basi, mzee anahukumiwa. Kule Ganze, Kaya Godoma imekuwa kimbilio la wazee waliokimbia nyumba zao wenyewe, wakikimbia wana wao wenyewe. Na mara nyingi ukifukua chini ya neno "mchawi" unakuta neno "shamba".

Shamba nalo lina historia. Mwaka 1908 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya hati za ardhi kwa ukanda wa pwani wa maili kumi. Aliyetaka kutambuliwa ilibidi apeleke madai yake na kuyathibitisha. Ardhi isiyodaiwa ikawa ya serikali. Wamijikenda wengi hawakupata hati, ingawa walikuwa wakilima na kuzika wafu wao hapo. Ndiyo sababu hadi leo kuna watu wanaoitwa maskwota juu ya makaburi ya babu zao. Kule Magarini, malalamiko ya wananchi kuhusu mashamba ya chumvi yalisikilizwa na Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ya Kenya, iliyotoa ripoti yake mwaka 2006. Ripoti ni kitu chema. Lakini nionyeshe nyumba moja ambako watu huacha ugali ukapoa kwa sababu ya ripoti.

Hapa ndipo ninapoona faida na hatari ya tamthilia. Michezo mingi inayosema ni ya Pwani hupenda majini, waganga na bibi kizee mwenye kicheko cha kutisha. Taharuki ipo, hilo sikatai. Lakini mtoto aliyetazama mchawi wa namna hiyo kila jioni, kesho akikutana na mzee mwenye mvi njiani, atamwona nani? Huko Nairobi pengine ni mchezo tu. Hapa kwetu yaweza kuwa ni panga. Na lile swali la Tuko Macho linarudi: kundi lenye hasira likimhukumu mtu, nani atamtetea?

Tuchukue mfano wa mchezo wa kubuni wa vipindi vinane. Kipindi cha kwanza, babu anaishi na mjukuu wake, hana hati ya shamba, ana minazi na mikorosho. Cha pili, mwana mkubwa anarudi kutoka Mombasa na madeni. Cha tatu, dalali anakuja na mheshimiwa mgombea kiti, wanaahidi hati baada ya uchaguzi. Cha nne, mtoto wa jirani anaugua, na mtu anatupa neno "uchawi". Cha tano, mwana mdogo, ambaye anampenda babu lakini pia anataka pesa, anakaa kimya. Huyu ndiye mhusika wetu wa katikati, yule wa Sabido. Cha sita, mjukuu anasikia mpango usiku. Cha saba, kundi linakusanyika. Cha nane, yule aliyekuwa kimya anafungua mdomo, na tunamwona mheshimiwa akipiga simu kwa mgombea mwenzake waliyedhaniwa ni maadui, maana shamba lilikuwa lao wote wawili.

Humo hamna hotuba hata moja. Kuna babu, wana, mjukuu na jirani. Lakini mtazamaji atakuwa ameelewa sheria ya 1908, ahadi za kampeni, na uchungu wa Kaya Godoma, bila kuambiwa "sasa tunasoma somo la uraia". Tena anayetaka kuuigiza hahitaji jumba la kifahari. Nyumba ya makuti, mnazi na kisima vipo bure.

HITIMISHO

Ndugu msomaji, nimejaribu kueleza kwamba tamthilia ya mfululizo ilianza na sabuni, ikajifunza kufundisha redioni, ikagusa siasa kupitia mlango wa nyumba, na sasa imeingia kwenye simu. Simu imetupa mlango mpya, lakini haijatupa pesa wala haijatuondolea sheria. Kwa hivyo ukitazama mchezo leo jioni, jiulize maswali matatu. Nani amelipia? Siasa gani imejificha katika ugomvi huu wa nyumbani? Na nani anafanywa mbaya, tena kwa haki gani?

Nawaomba wanachama wenzangu wa Chama cha Kiswahili, pamoja na walimu wetu walezi, tuchague hadithi moja ya kaunti yetu tuiandike muhula ujao, kwa Kiswahili chetu hiki hiki cha Malindi. Simu haziruhusiwi shuleni, ni sawa, mswada hauhitaji simu. Kalamu na daftari vinatosha kuanzia, na wazee wa kuwauliza bado wako hai. Tuwasikilize wakiwa hai, kwa maana mzee akishasingiziwa, hapewi nafasi ya kusimulia.

Wahenga walinena, "Penye wazee haliharibiki neno." Basi tuhakikishe kwamba wazee wenyewe hawaharibiki kwa neno.